Kipandio Kimoja

Mimi ni Lugwisha, fundi mawe wa Mabatini.
Nimepasua mawe ya vilima hivi kwa moto wa matairi
na ndoo ya maji baridi, nikasikia jiwe likisema ka,
likakubali.
Mashairi siyajui. Naandika hesabu.

Alikuja asubuhi ya rasharasha, Bi Nkwimba msanifu,
viatu mkononi, michoro ndani ya bomba la plastiki.
Akatandaza karatasi juu ya mfuko wa saruji.
Urefu, sawa. Upana, sawa. Kimo, sawa.
Na pembeni, kwa penseli hafifu, mshale wa nne
usioelekea juu wala chini wala kando.
Nikauliza, huu unakwenda wapi?
Akasema, huo hauendi wapi.
Unakwenda lini.

Nilicheka. Kibarua wangu Masalu hakucheka.

Tukaanza pale Igogo, kwenye jabali
lililopanda juu ya jabali lingine
kama mtoto mgongoni.
Nikashika nyundo. Akanizuia:
usilipasue, chumba kimo humo tayari,
kazi yetu ni kukitilia mlango.
Haya. Mwenye fedha ndiye mwenye nyumba.
Tukautia mlango wa mninga, bawaba za kununua Kirumba.

Siku sita ulifungukia jiwe,
jiwe tupu, baridi, lina mkojo wa pelele.
Siku ya saba ulifungukia ziwa.
Maji yalisimama wima kizingitini, hayamwagiki,
na sangara alikuwa hajaletwa bado:
tuliona furu,
furu wekundu, furu wa samawati, furu wenye milia,
wale ambao babu aliwataja kwa majina jioni
nami nikidhani anatunga.
Masalu alichovya mkono hadi kiwiko.
Ulitoka umelowa. Hilo naliapia.

Akaja afisa wa mipango miji na futi kamba.
Nje: mita tisa.
Ndani: mita tisa na jioni moja.
Akapima tena, jasho linamtoka, jioni ikawa ile ile,
na harufu ya dagaa wa kukaangwa kwa mbali.
Fomu yake haikuwa na kisanduku cha jioni.
Basi akachukua rangi nyekundu, akachora X ukutani,
akaandika BOMOA, akashuka bila kuaga.

Bi Nkwimba aliutazama ule X muda mrefu.
Kisha akaupima
na kuuingiza kwenye mchoro.

Siku ya malipo alinihesabia noti mpya kabisa,
zinanukia wino, zina sura ya mtu nisiyemjua
na mwaka ambao sijaufikia.
Dukani kwa Bugingo zilikataliwa.
Nimezifungia kwenye kopo la maziwa, nasubiri thamani.
Mke wangu Kashinje husema nilitapeliwa na mwanamke msomi.
Labda.

Greda lilipanda Jumatatu, likinguruma mlima mzima.
Lilikuta jabali juu ya jabali.
Hapakuwa na mlango, wala ukuta, wala huo X wenyewe.
Dereva akazima injini, akaomba maji ya kunywa,
akauliza kama amepewa mtaa sio.

Lakini ngazi ipo. Ngazi niliijenga mimi,
kwa mawe niliyoyachonga usiku kwa taa ya karabai,
vipandio arobaini na viwili.
Ukipanda, arobaini na viwili.
Ukishuka, arobaini na kimoja.
Nimehesabu kwa vidole, kwa kokoto, kwa chaki;
nimewatuma watoto wa jirani kwa ahadi ya pipi.
Kimoja hakirudi.

Masalu naye aliacha kazi.
Husema mkono wake ule hunuka samaki
siku mvua inapokaribia.

Jana nimepanda na chepe na nusu mfuko wa saruji.
Nilipofika katikati nikasikia mtu akichonga jiwe,
pigo moja, kimya, mapigo mawili, kimya,
kama ninavyochonga mimi.
Nikaketi. Sikumwita.

Nimeshuka gizani.
Kashinje yuko mlangoni, ugali umeshapoa,
anauliza nilikuwa wapi hadi saa hizi.
Namwambia, mama Holo, uliza swali lingine.